Kichwa cha Madame Rozane

Nimestaafu. Nimerudisha funguo za karavani tunamotengenezea waigizaji nywele, na mashine yangu ya kukaushia nimemwachia Carine, ambaye nina hakika ataiunguza kabla ya Pasaka. Ndiye aliyeniambia, "Maman Godé, usiende na vyote kichwani. Utuandikie." Nikamjibu kwamba kazi yetu yote ni ya vichwani. Hakucheka. Basi naandika, kwa ajili yake na wenzake wanaosuka na kuvalisha wigi kwenye filamu za hapa Brussels. Mkiona mahali nimesema sana, mnisamehe. Miaka yote hiyo nilikuwa nyuma ya viti vya watu nikiwasikiliza wao.

Sikuanza na filamu. Nilianza na ufagio, katika saluni ya Maman Charlotte kule Matonge, mtaa wa Wakongo hapa Brussels. Alitoka Likasi, kule Katanga, kama mimi, na ukali wake aliuleta mzima mzima bila kupunguza hata kidogo njiani. Kabla hajaniruhusu kushika kitana alinifundisha kunawa mikono mbele ya macho ya mteja, si chumba cha nyuma, ili mwenyewe aone. Alinifundisha kuomba ruhusa kabla ya kugusa kichwa, hata kama mtu amekwisha kukaa kitini na kufumba macho. Tena alinizoeza kutazama ngozi kwanza, nywele baadaye. Nywele zilizoanguka hatukuzitupa ovyo. Nilizifunga kwenye mfuko, na mteja akiuliza ninamwonyesha. Palikuwa na mama mmoja wa Kolwezi ambaye hakutoka mlangoni mpaka akabidhiwe zake mkononi. Alikuwa mwalimu wa hesabu, na Jumapili alisoma somo la kwanza kanisani. Nasema hivyo msije mkadhani ni mambo ya wasiosoma.

Siku moja akaingia bibi mwembamba, simu sikioni, akauliza kama kuna mtu anayeweza kwenda Auderghem sasa hivi. Walikuwa wanapiga filamu huko, na kazi yote ilikuwa imesimama kwa sababu ya nywele za mwigizaji mmoja. Maman Charlotte alinitazama juu ya miwani yake.

"Godé, enda. Kuko muntu anakungojea na kichwa yake."

Nilikwenda na mkoba wangu: vitana vya meno mapana, mafuta ya nazi, pini, uzi, sindano. Nawaambia wazi, mpaka leo sijawahi kuingia kwenye karavani bila mkoba wangu mwenyewe, hata pale waliponihakikishia kwamba kila kitu kipo. Kila kitu huwa kipo, isipokuwa cha kutufaa sisi. Siku ile mezani palikuwa na brashi nyingi nzuri za nywele laini, na mbele ya kioo amekaa mwanamke mweusi wa makamo, mikono imekunjwa kifuani, wigi limemkaa upande. Wale vijana wa nywele walikuwa wamesimama mbali naye, karibu na mlango.

Nikamsalimu kama nilivyolelewa. "Bonjour, maman."

Akageuka polepole. "Mimi si mama yako."

Tuliongea Kifaransa, hapa namtafsiri. Nilishangaa, maana kwetu hata kasichana kanakojifunza kutembea kanaitwa maman, na mwanamke aliyekuzidi umri ukimwita kwa jina tupu utaulizwa ulikulia wapi. Nikamweleza hivyo, kwamba ni heshima. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akanionyesha kwa kidole karatasi ya kazi iliyobandikwa mlangoni. Waigizaji wote walikuwa wameandikwa na majina ya watu wanaowaigiza. Mbele ya jina lake palikuwa pameandikwa "mama".

"Kwenu ni heshima," akasema. "Kwenye sinema maana yake hawakupata nafasi ya kunitafutia jina."

Toka hapo nilimwita Madame Rozane. Jina lake kamili lilikuwa Rozane Télémir, mtu wa Guadeloupe. Akawaomba wale vijana watoke, akafunga mlango kwa ufunguo, akanitazama kwenye kioo muda mrefu kama mtu anayepima kitambaa kabla ya kukikata. Kisha akavua wigi.

Mbele hapakuwa na kitu. Juu palikuwa na mabaka ya ngozi inayong'aa, laini, isiyo na hata kinyweleo. Nywele zilizobaki zilikuwa kisogoni na nyuma ya masikio, fupi, za kijivu. Nikanawa mikono kwa maji ya chupa mbele yake. Nikauliza, "Naweza kugusa?" Akaitikia kwa macho. Ngozi ilikuwa ya moto, na pembeni palikuwa na vidonda vya gundi.

"Ukimwambia mtu," akasema, "nimekwisha. Mwigizaji wa kike mwenye kichwa hiki anapewa kucheza mgonjwa, basi. Na mgonjwa hana maneno mengi."

Sikumwambia mtu. Nilimweka kikofia chembamba cha pamba, nikashonea wigi juu yake badala ya kuligandisha kwenye ngozi, na kabla ya saa ya chakula filamu ilikuwa inaendelea. Kesho yake akaomba niwe nimeandikwa kwenye mkataba wake, popote atakapofanya kazi. Ndivyo nilivyoingia kwenye sinema.

Maisha yake nilisimuliwa vipande vipande, yeye kitini, mimi nyuma. Alikuwa binti wa mshonaji. Watu wa filamu kutoka Ufaransa walifika kijijini kwao wakitaka msichana wa kuvuka daraja na kikapu kichwani. Wakamrudisha na kumrudisha, mara jua limekaa vibaya, mara mbuzi amepita. Mwisho akamuuliza mwongozaji kama ana uhakika anajua anachotaka. Watu wakacheka, na mwongozaji akampa maneno mawili ya kusema. Baadaye akaenda Paris kusomea uigizaji. Katika ujana wake kuna filamu moja alipendwa kwelikweli. Nimeiona picha yake gazetini, na nywele zake za asili zimemzunguka uso, nyingi, nzito, akicheka. Baada ya hapo akawa mtumishi wa nyumbani, muuguzi, mfagiaji wa ofisi, mama wa kijana aliyekamatwa na polisi. Na kila filamu ilikuwa na mtu wa nywele asiyejua nywele zake. Mmoja alizinyosha kwa dawa mpaka zikakatika. Mwingine alisuka kwa kuvuta hadi nyusi zikapanda. Wengine walipaka gundi moja kwa moja kwenye ngozi na jioni wakang'oa bila mafuta, wanakimbilia treni. Hakuna hata mmoja aliyekuwa mtu mbaya. Filamu zilimla nywele huku kila mtu akimwambia asante.

Kwa hiyo, nyinyi mliobaki: mafuta kwanza. Subirini yaingie, hata kama msaidizi anagonga mlango. Gundi inaachia yenyewe ukiipa muda, na mwigizaji akisema "vuta tu, nimezoea," ndipo hasa usivute.

Tulifanya kazi pamoja miaka mingi. Tulipambana na upepo wa pwani ya Ostend ambao uliwahi kuniibia wigi zima na kulipeleka mchangani, mbwa wa mtu akalikamata kabla yangu. Tulipambana na theluji ya uongo, ambayo ni mbaya kuliko ya kweli kwa sababu haiyeyuki. Madame Rozane alikuwa anaishi mtaa wa Uccle na mume wake, Monsieur Willem, Mfleming wa hapa Ubelgiji, fundi wa sauti aliyestaafu. Walijuana kwenye filamu. Monsieur Willem alikuwa anamfungia maikrofoni chini ya aproni ya mtumishi na akamwambia kwamba moyo wake unasikika vizuri. Madame Rozane alisema hilo ndilo neno la kwanza la maana aliloambiwa na mwanamume wa sinema.

Halafu akaja Nadège. Ni mwongozaji kijana, amezaliwa hapa, wazazi wake ni watu wa Bukavu waliokuja kama wakimbizi. Aliandika filamu kuhusu mjane wa Lubumbashi, anakaa peke yake Brussels, na baada ya kilio, yaani msiba wa mume wake, anaamua kujifunza kuendesha gari. Mjane alikuwa na jina, Georgette, na alikuwa kwenye kila ukurasa. Madame Rozane alinipigia simu na kunisomea mwanzo wote, na sauti yake ilikuwa ya msichana. Katika maisha yake yote ya kazi hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza filamu kuwa juu yake.

Filamu inaanza siku ya kilio. Dada za marehemu wanamnyoa mjane kichwa, kama wanavyofanya wengi kwetu. Nadège alikwenda Uccle kunywa chai, akatazama zile nywele za fedha zilizopangwa vizuri, ambazo nilikuwa nimezishona mimi, akamuuliza Madame Rozane kama atakubali kunyolewa kweli, mbele ya kamera, mara moja tu, maana haiwezekani kurudia.

"Godé," akaniambia kwenye simu, "nimesema ndiyo."

"Ndiyo kwa nini?"

"Kwa kunyolewa."

Nikakaa chini. Nikamwambia amweleze Nadège ukweli, ni mtoto mwenye moyo. Akakataa. Mtayarishaji alikuwa anamtaka mwigizaji mwingine, wa Paris, mwenye jina kubwa na nywele zake mwenyewe, ambaye naye alikuwa tayari kunyolewa. Mtayarishaji alikuwa anatafuta sababu tu ya kumwondoa Madame Rozane. "Nikimwambia Nadège, itabidi amwambie yeye. Nitakuwa nimempa sababu kwa mkono wangu."

Basi nikafanya kazi ngumu kuliko zote nilizowahi kufanya. Nilichukua kofia nyembamba ya mpira, ile ya kumfanya mtu aonekane ana upara, nikaipaka rangi ya ngozi yake tabaka juu ya tabaka. Kisha nikapandikiza juu yake nywele za kijivu, unywele baada ya unywele, kwa sindano. Wembe ungepita juu, nywele zingeanguka, chini ingeonekana ngozi. Baada ya siku hiyo, katika filamu nzima, upara wake ungekuwa upara wa kazi, na hakuna mtu angeuliza ulianza lini. Nilijisifu mwenyewe jikoni kwangu. Ilikuwa kazi safi.

Jioni nilikuwa nakwenda Uccle kumfundisha Kiswahili chetu cha Katanga. Kulikuwa na sentensi moja aliyoitaka sana, ile mjane anayomwambia dada wa mume wake anaposita na wembe: "Nyoa tu, wifi." Aliirudia akikata vitunguu, akipanga sahani. Monsieur Willem, aliyesikia "Wi-Fi" tu, akainua kichwa kwenye gazeti lake na kuuliza kama mtandao umekatika tena.

Tukio hilo likapangwa siku ya kwanza kabisa, asubuhi, katika nyumba moja Auderghem, kwa kuwa filamu nzima iliyofuata ilihitaji kichwa kilichonyolewa. Msichana aliyecheza wifi, mtu wa Kinshasa, aliuweka wembe mezani. Wembe ulikuwa wa kweli, na hakutaka kumkata mtu. Nadège akanivuta pembeni.

"Maman Godé, bon, niko na maneno. Mikono yako tu. Kamera itaona mikono, basi. Weye unajua kushika wembe."

"Hapana, mutoto yangu. Ile siwezi."

"Mais pourquoi?"

"Bwana yake iko muzima. Kwetu hauwezi kunyoa mwanamuke kilio na bwana yake anakunywa kahawa ku nyumba. Ni kumuitia kifo."

"Maman, ni sinema!"

"Wembe hauyue kama ni sinema."

Nilijua ninavyosikika. Mimi ni Mkristo, nimebatizwa, nimefunga ndoa kanisani. Lakini mkono wangu ulikataa, na sikuwa na namna ya kubishana na mkono wangu. Madame Rozane alikuwa amesikia kutoka kitini. Sikutegemea anielewe, lakini hakucheka. Alisema kwao pia kuna vitu ambavyo havichezewi. Akaomba simu yake.

Monsieur Willem alikuja kwa tramu, koti la mvua limefungwa hadi kidevuni, mkate wenye jibini mfukoni. Nikamshika mkono mbele ya watu wote.

"Monsieur Willem, uko hai?"

"Magoti hapana," akajibu. "Mengine yanaendelea."

Tukamwekea kiti nyuma ya kamera, mahali ambapo ningeweza kumwona wakati wote. Ndipo moyo wangu ukatulia, nikasema sawa, nitanyoa. Nikarudi karavani na Madame Rozane kumvalisha ile kofia, na Monsieur Willem akatufuata, maana hajawahi kuona mlango wa karavani akauacha. Kofia ilikuwa mezani juu ya kichwa cha mbao. Aliizunguka, akainama, akaiangalia kwa karibu sana. Akasema ni kazi nzuri ajabu. Kisha akaomba wembe, akaupitisha taratibu pembeni, mahali pasipoonekana, sikio lake limeinamia.

"Inalia," akasema.

"Inalia vipi?"

"Mpira. Sikiliza." Akapitisha tena. Kweli, ilitoa kasauti kembamba, kama mtu anayepangusa dirisha. "Kwenye ngozi wembe hausemi hivyo. Kwenye ngozi unanong'ona. Maikrofoni itakuwa juu ya kichwa chake, na mtu yeyote mwenye masikio atajua."

Aliongea kama fundi, bila nia nyingine, namfahamu. Nikaanza kusema tutaweka sauti nyingine baadaye, watu hufanya hivyo kila siku. Madame Rozane alicheka kwanza, kicheko kirefu. Halafu akajitazama kwenye kioo. Akasema, "Miaka yote hii nimewaficha watu wa filamu kichwa changu, na kumbe mwenye masikio atakisikia." Nilimwona akiogopa. Kisha akachukua kitambaa cha kitenge nilichokuwa nimekinunua soko la Jumapili la Gare du Midi, akakifunga mwenyewe juu ya kichwa chake kitupu, ile kofia akaiacha mezani, akatoka nje.

Nikamfuata na wembe na beseni. Niliwaza mtayarishaji, aliyekuwa amesimama karibu na dirisha na kikombe chake. Niliwaza yule mwingine wa Paris.

Akakaa kwenye mkeka. Kamera ikaanza. Mimi nilikuwa nyuma yake, mikono yangu tu ndiyo inaonekana, na kazi ya mikono hiyo ilikuwa kufungua kitambaa. Nikakifungua.

Niliona mtu wa taa akiangalia chini. Niliona msichana wa Kinshasa amejiziba mdomo. Mikono yangu, ambayo haijawahi kunisaliti, ikasimama hewani na wembe, na nilimtazama Nadège nikingoja aseme tukate. Hakusema. Uso wake ulikuwa umeganda.

"Nyoa tu, wifi," akasema Madame Rozane.

Aliisema vizuri kuliko mara zote za jikoni, na ilikuwa ni kwangu. Nikachovya vidole kwenye maji, nikalowanisha mabaka yale yote, sehemu zisizo na kitu pia, kama ningefanya kwa kichwa chenye nywele. Nikapitisha wembe mbele, mahali pasipo na kitu cha kunyoa, kwa sababu wifi wa kweli angeanzia mbele. Nikashuka kisogoni nikaziondoa zile chache. Wembe ulinong'ona. Sikumwona Monsieur Willem, macho yangu yalikuwa yamejaa maji, na hilo halikuwa kwenye maandishi ya mtu.

Nadège akaacha kamera iende hadi nilipomaliza, na baada ya hapo akaiacha tena. Hatimaye akasema "coupez" kwa sauti ndogo. Mtayarishaji ndiye wa kwanza kuongea. Akauliza nywele ziko wapi, tulikubaliana nywele.

Nadège hakumwangalia. Alikuwa amepiga magoti mbele ya mkeka, anamtazama Madame Rozane usoni, na alisema kwanza Kiswahili, kwangu na kwa Madame Rozane, kisha Kifaransa, kwa mtayarishaji.

"Balishamunyoa zamani. Zamani sana. On garde." Yaani, tukio linabaki kama lilivyo.

Mtayarishaji akaangalia kikombe chake, akaenda kukijaza. Watu wakaanza kusogeza taa kwa ajili ya tukio la pili, ambalo lilikuwa la Georgette, akiwa mlangoni na funguo za gari.

Madame Rozane aliinuka bila kitambaa, akapita katikati ya watu wote, akatoka uani. Mvua ilikuwa inanyesha, ile nyembamba ya hapa kwetu Brussels ambayo mtu haioni mpaka amelowa. Nikatoka mbio na mwavuli, maana kazi yetu ndivyo inavyotaka: mwigizaji akikanyaga nje, wewe uko juu yake na mwavuli kabla tone la kwanza halijafika. Nikamfunika.

Akapiga hatua moja, akatoka chini ya mwavuli, akainua uso, mvua ikamwangukia kichwani.

"Ni baridi," akasema. Akacheka. "Godé, nilikuwa nimesahau kabisa kwamba ni baridi."

Nikaufunga mwavuli.